Wasifu wa Marehemu na Majina Yasiyosomwa

Katika mazishi ya Kikristo huku kwetu Bukoba na Muleba kuna andiko moja linalosikilizwa kwa makini kuliko mahubiri. Mchungaji anapohubiri, vijana walio nje ya turubai huendelea kunong'ona na wenye simu huzitazama. Lakini anaposimama mjumbe wa familia na karatasi zake mbili, ikatangazwa kwamba sasa itasomwa historia fupi ya marehemu, hata waliokuwa wakimalizia kaburi kule mgombani huweka majembe chini na kusogea. Andiko hilo halijapata mhakiki. Watu huhakiki riwaya, huhakiki nyimbo za kwaya, huhakiki hata mahubiri yetu (hayo huhakikiwa njiani wakati wa kurudi nyumbani). Wasifu wa marehemu peke yake huachwa, kwa kuwa aliyeandikwa hayupo kujibu na walioandika wanalia. Sisi tunaona kwamba nao ni utanzu kama tanzu nyingine. Una kanuni zake na ufundi wake, na kwa kuwa unasomwa ndani ya ibada, mbele ya msalaba, Kanisa lina haki ya kuuliza unafanya kazi gani.

Kanuni zake kila msharika anazijua. Marehemu alizaliwa mwaka fulani, akabatizwa, akapata Kipaimara, akasoma shule fulani, akaajiriwa. Alifunga ndoa takatifu. Alianza kusumbuliwa na maradhi, akapelekwa hospitali hii na ile, hadi umauti ulipomkuta. Ameacha mjane mmoja, watoto saba na wajukuu kumi na wanne. Mwisho huja maneno ya Ayubu 1:21, na watu huitikia amina. Katikati huwekwa sifa, nazo hazibadiliki: alikuwa mcheshi, mkarimu, mpenda watu, mshauri wa wengi. Mgeni akisikiliza wasifu hamsini mfululizo ataondoka akiamini kwamba tangu Kamachumu hadi Kashozi hajawahi kufa mtu mkali.

Sifa hizo hazitusumbui sana. Kumsifu aliyekufa ni adabu, na adabu ina nafasi yake kaburini. Kinachotusumbua ni sentensi ile ya kuhesabu walioachwa, maana hapo Kiswahili chenyewe kimetega mtego. Mume akifa, amemwacha mkewe. Mume akimrudisha mkewe kwao, amemwacha vilevile. Kitenzi ni kimoja. Na katika mazishi mengi, yule aliyeachwa kwa namna ya pili hahesabiwi miongoni mwa walioachwa kwa namna ya kwanza. Naye yupo. Amekuja kwa bodaboda kutoka kijiji cha kwao, amekaa nyuma karibu na wanaopika, kitenge kiunoni kama wenzake, na anasikiliza miaka kumi na miwili ya maisha yake ikivukwa kwa neno moja tu. Neno lenyewe ni "baadaye". Mwaka 1974 marehemu aliajiriwa. Baadaye, mwaka 1988, alifunga ndoa takatifu. Sijui kama kuna neno jingine katika lugha yetu linalobeba watu wengi hivyo bila kuwataja.

Walioachwa wanafahamika. Yupo mke aliyerudishwa kwa sababu hakuzaa, yupo aliyeondoka mwenyewe baada ya kipigo, yupo aliyeishi na marehemu mjini bila ndoa ya kanisani, na wapo watoto wao. Yupo pia ambaye historia ya kuachwa kwake inagusa Kanisa moja kwa moja. Kwa muda mrefu makanisa mengi ya misheni yalimtaka mwanamume mwenye wake wengi abaki na mmoja ndipo abatizwe. Wasifu husema alimpokea Bwana Yesu mwaka fulani. Hausemi nani aliondoka nyumbani mwaka huohuo, na godoro lake kichwani.

Msomaji asidhani kwamba ukimya huu ni wa haya tupu. Wasifu huandikwa usiku wa kuamkia maziko, na wanaouandika ni watu wa ukoo: kaka za marehemu, watoto wakubwa, mara nyingi pamoja na mwalimu mmoja mwenye mwandiko mzuri. Kila aliye chumbani mle anajua kwamba jina litakalosomwa kesho mbele ya mchungaji na mwenyekiti wa kijiji litakumbukwa siku ya kugawa urithi. Mtoto aliyetajwa hadharani kuwa wa marehemu ni vigumu kumwambia baadaye kwamba hana sehemu katika kibanja. Kwa hiyo kabla ya kuwa kumbukumbu, karatasi ile ni orodha. Tumewahi kuona mabishano ya saa nzima juu ya neno "saba" na neno "tisa". Wasomaji wa vitabu hupenda kusema kwamba kila maneno yana siasa ndani yake. Sisi tunasema tu kwamba maneno haya yana migomba ndani yake, na kahawa, na mpaka wa shamba.

Kibanja kina jambo jingine katika habari hii. Mhaya, akiweza, huzikwa nyumbani kwake, katikati ya migomba. Kaburi liko hatua chache kutoka jikoni. Anayekwenda kukata ndizi asubuhi hulipita, na watoto huchezea juu ya saruji yake. Tumesoma vitabu vya ushauri nasaha vilivyoandikwa mbali na huku, vinavyomwambia mfiwa kwamba ipo siku itambidi aachilie, ageuke, aendelee na maisha. Ushauri huo una wema wake, lakini umeandikwa na watu ambao makaburi yao yako upande wa pili wa mji. Mjane wa Nshamba akigeuka, kaburi liko mbele yake palepale. Kwake kuachilia hakuwezi kuwa na maana ya kwenda mbali. Kunaweza kuwa na maana moja tu tunayoiona: kuacha kumlinda marehemu. Kuacha kusimama mlangoni kwa hadithi isiyo yake, kila anapopita anayeijua ile nyingine.

Wapo pia waliokosa hata kaburi la kulipita. Meli ya MV Bukoba ilipozama tarehe 21 Mei 1996, ikitoka Bukoba kupitia Kemondo, ikiwa karibu kabisa na Mwanza, watu wengi waliopatikana walizikwa Igoma, nao wengine ziwa halikuwarudisha. Vibanja vingi vya huku vimebaki bila tuta. Waliofiwa siku ile hawakupata muda wa kuuguza, wa kuomba radhi wala wa kumaliza ugomvi ulioanzia bandarini. Katika nyumba kama hizo maneno yaliyosemwa juu ya aliyepotea ndiyo kaburi lenyewe. Ikiwa maneno hayo yamepunguzwa, hakuna mahali pengine pa kwenda na majuto.

Miaka iliyofundisha utanzu huu kunyamaza vizuri zaidi ilikuwa miaka ya UKIMWI. Wagonjwa wa kwanza nchini walitambuliwa katika mkoa wetu mwaka 1983, wakati ugonjwa ukiitwa Juliana mitaani, kwa jina la kitambaa cha magendo. Sisi tuliokuwa watoto wakati huo tulikua tukisikia wasifu mfupi mno: marehemu aliugua kwa muda mrefu. Hatutaki kuwahukumu walioandika hivyo. Aibu ilikuwa kubwa, na mara nyingi mjane aliyesimama pale alikuwa tayari anajua habari zake mwenyewe. Siri ya maradhi ni ya mgonjwa, naye haipotezi kwa kufa. Lakini pamoja na ugonjwa ziliondolewa habari nyingine nyingi: nani alimuuguza, nani alikimbia, nani alirudi siku za mwisho akakataliwa mlangoni. Watoto waliobaki walirithi shimo katikati ya habari za wazazi wao, na baadhi yao leo ni wazazi, wazee wa kanisa, wachungaji.

Mtu anaweza kujibu kwamba Kanisa letu lina utanzu mwingine, mkweli zaidi, nao ni ushuhuda. Ni kweli. Uamsho uliotoka Rwanda na Uganda ukafika Buhaya ulileta namna mpya ya mtu kujisimulia. Aliyeokoka alisimama akataja deni lake kwa jina. Akarudisha jembe aliloiba, akamwendea jirani aliyemsingizia. Askofu Josiah Kibira, aliyeiongoza dayosisi yetu ya Bukoba kuanzia 1964 hadi 1984 na kuwa Mwafrika wa kwanza kuwa Rais wa Fungamano la Makanisa ya Kilutheri Duniani, alikuwa mtu wa Uamsho huo, na hakuna asomaye historia yetu kwa haki atakayesema tungekuwa Kanisa lilelile bila huo. Ushuhuda ulivunja sifa za bure. Ulitupa lugha ya toba iliyosemwa kwa Kihaya, na mkulima.

Hata hivyo, ukiusikiliza kwa sikio la mhakiki, nao una kasoro yake, na inakaribiana na ile ya wasifu kuliko tunavyopenda kukubali. Ushuhuda hugawa maisha mara mbili, giza na nuru. Yote yaliyotangulia wokovu ni giza. Sasa mtu anaposema kwamba alipokuwa gizani aliishi na mwanamke fulani, mwanamke huyo amegeuzwa kuwa sehemu ya giza. Alipika, alilima, aliuguza, alizika mtoto pamoja na huyu ndugu. Ndani ya ushuhuda amekuwa mfano wa dhambi iliyoachwa. Wasifu humsahau kwa kumpamba marehemu, ushuhuda humsahau kwa kumlaumu msemaji mwenyewe, na katika yote mawili yeye habaki na uso. Ndiyo maana majuto ya wazee wengi hayaishi hata baada ya kuungama mara ishirini. Wameungama dhambi kwa Mungu na kwa usharika. Mtu mwenyewe hawajamwendea, na wala lugha waliyopewa haikuwaelekeza kwake.

Utanzu wa tatu, nao ndio tunaouona bora, umeandikwa na watu ambao hawakujiona waandishi. Katika miaka ya 1990 huko Uganda, akina mama waliokuwa wakiishi na virusi, kupitia chama chao cha NACWOLA, walianza kuwaandikia watoto wao vitabu vya kumbukumbu. Kwetu, kazi za kuwatunza yatima zilikuwa nyingi, ya dayosisi yetu iitwayo Huyawa ikiwamo, na kule Nshamba wilayani Muleba ilianza ile ya Humuliza, neno la Kihaya lenye maana ya kufariji, iliyoangalia zaidi jeraha la ndani la mtoto kuliko sare na daftari. Wanaofanya kazi za namna hii Afrika Mashariki wanakifahamu kitabu cha kumbukumbu, nasi tumepata kuonyeshwa vichache na waliovirithi.

Kwa kutazama tu si kitu cha kushangaza. Ni daftari la shule, pengine lenye picha mbili zilizobandikwa kwa gundi ya ugali. Mzazi anajaza sehemu moja baada ya nyingine: ulizaliwa wapi, nani alikupa jina, jino lako la kwanza, chakula ulichokikataa, ndugu wa upande huu na ndugu wa upande ule. Ipo sehemu ya ugonjwa wangu. Ipo sehemu ya baba yako. Sehemu hiyo ya mwisho ndiyo inayopima mwandishi. Mwingine huiacha wazi, na ukurasa mweupe katikati ya kurasa zilizojaa huzungumza vya kutosha. Lakini wapo akina mama walioandika kwa utulivu wa kutisha: kwamba baba alikuwa fundi mzuri, kwamba aliondoka mtoto akiwa tumboni, kwamba hakuwahi kutuma kitu, kwamba alikuwa na sauti nzuri ya kuimba na mtoto ameichukua hiyo, kwamba ndugu zake wako mahali fulani na mtoto akiwa mkubwa awatafute kama atapenda.

Tunaposoma ukurasa wa namna hii tunauona ufundi ambao wasifu na ushuhuda vimekosa. Mwandishi hajampamba aliyemwacha. Hajamtumia kuonyesha jinsi yeye alivyo mwema. Ameandika "hakuwahi kutuma kitu" na "alikuwa na sauti nzuri" bila kuweka "lakini" katikati, na kuikosa "lakini" hiyo ndiko, kwa maoni yetu, kuachilia kwenyewe. Anamkabidhi mtoto mtu mzima, mwenye mema na mabaya, na yeye mwenyewe anatoa mkono. Kitabu kiliandikwa na mtu aliyejua hana muda. Pengine ndiyo sababu hakina maneno ya kujaza.

Biblia, kwa bahati, iko karibu zaidi na daftari lile kuliko na karatasi zetu za turubai. Mathayo, akiandika ukoo wa Bwana wetu, anapomfikia Sulemani (1:6) hamtaji mama yake kwa jina. Anasema alikuwa mke wa Uria. Angeweza kuandika "baadaye". Badala yake amemwingiza Uria, mume aliyeuawa, katika wasifu wa Masihi. Yusufu naye anatufundisha upande wa pili. Kule Misri alimwita mzaliwa wake wa kwanza Manase, akisema Mungu amemsahaulisha taabu zake na nyumba ya baba yake (Mwanzo 41:51). Ni jina la mtu anayetangaza kwamba ameshaachilia. Tazama basi: kila anapomwita mwanawe chakula cha jioni, anataja kile anachodai amekisahau. Na mara kaka zake wanapotokea mlangoni kutafuta nafaka, huyo msahaulifu anajitenga nao, analia (42:24). Hakuna mhubiri aliyewahi kueleza vizuri zaidi tofauti kati ya kusahau na kumaliza jambo.

Wachungaji wenzetu wana hoja dhidi ya haya yote, na si hoja dhaifu. Mazishi si baraza la usuluhishi. Mjane aliye mbele ya jeneza ana haki ya kumlilia mumewe bila kusomewa habari za mwingine. Familia ikishikana mashati kando ya kaburi, anayebaki kuamua ni mchungaji na polisi. Wengine husema pia kwamba kazi yetu pale ni kutangaza ufufuo, na hapo hutajwa wimbo wa Mfurahini Haleluya, ulioandikwa miaka ya 1960 na mchungaji wa huku kwetu, Bernard Kyamanywa, alipokuwa akisoma Makumira, ambao leo Wajerumani wanao katika kitabu chao cha nyimbo, namba 116. Nasi tunaupenda wimbo huo. Lakini ni wimbo wa kaburi lililofunguliwa, na waliokwenda kulitazama walikwenda wakijua ni nani aliyelala humo na alivyokufa. Ukiimbwa juu ya mtu aliyefichwa nusu, unakuwa kifuniko.

Kuhusu amani ya familia tunakubali nusu. Matendo hayana haja ya kusomwa. Watu ndio wasomwe. Hakuna anayedai karatasi ieleze nani alimpiga nani au kwa nini mahari ilirudishwa. Inatosha sentensi moja yenye jina na idadi: aliishi na fulani kwa miaka kadhaa, wakajaliwa watoto wawili. Masimulizi yaliyobaki yana mahali pake, nayo ni jioni za matanga, watu wanapoketi juu ya nyasi wakitafuna kahawa, ambapo tayari ukweli mwingi husemwa kwa sauti ya chini bila karatasi. Na kwa kuwa mchungaji huletewa wasifu kabla ya ibada, si vigumu kwake kuuliza, akiwa na kalamu mkononi, kama hesabu ya watoto imekamilika. Swali hilo moja, likiulizwa chumbani, tumeliona likinyamazisha wazee watano. Tumeliona pia, mara moja, likimtoa mzee mmoja nje kwenda kumtafuta kijana aliyekuwa amesimama barabarani.

Ni jambo la ajabu kwamba tunamwita aliyekufa marehemu, yaani aliyerehemiwa, kisha tunamsomea maisha yasiyo na chochote cha kurehemu. Ibrahimu hakuandikiwa hivyo. Wasifu wake uko Mwanzo 25, nao ni mfupi. Unataja umri wake, miaka 175. Unamtaja Ketura na watoto wake wote kwa majina, na kwamba watoto wa masuria walipewa zawadi wakapelekwa mashariki. Habari hiyo haijafunikwa, na mwandishi haitetei. Tena katika mstari wa 9 unasema nani walimzika katika pango la Makpela: Isaka na Ishmaeli wanawe. Yule kijana aliyefukuzwa pamoja na mama yake Hajiri, wakiwa na mkate na kiriba cha maji, amerudi, na anashika upande mmoja wa jeneza. Hatuambiwi nani alimpelekea habari. Hatuambiwi yeye na Isaka walisemezana nini. Tunachoambiwa ni kwamba mara baada ya maziko, kabla hata ya kuendelea na habari za Isaka mrithi, mwandishi anageuka na kuandika wasifu mwingine mzima, kuanzia mstari wa 12, wa Ishmaeli mwana wa Ibrahimu, aliyezaliwa na Hajiri Mmisri: wanawe kumi na wawili kila mmoja kwa jina lake, vijiji vyao na vituo vyao, na miaka ya maisha yake, 137.